Alama ya Sauti Iliyokula Maneno



Wengine watauliza: sababu gani kujaza kurasa za gazeti letu na kitu kidogo namna hii? Ninataka kuandika juu ya ile alama inayotokea kwenye ekrani ya ordinatere wakati unaongeza ao unapunguza sauti. Ni kisanduku kidogo chenye picha ya bafle na mstari unaorefuka na kufupika. Kinatokea, kinakaa kidogo, kinatoweka. Wengi wetu hatukiangalii hata. Lakini kitu ambacho ni kidogo kwa mtu mmoja kinaweza kuwa ukuta mbele ya mwingine. Hapa shuleni kwetu alama hiyo ilimnyima mwenzetu mmoja pointi. Njo maana naandika.

Kwanza niseme juu ya ordinatere yenyewe. Mwalimu wetu wa biolojia aliinunua kwa kijana mmoja ambaye alikuwa anaitumia kwa kucheza michezo. Ni ya kubebea, lakini ukiibeba utajua: ni nzito, na chaja yake ni kama tofali. Klavie yake inawaka rangi nyekundu na kijani, hata mchana. Feni zake zikianza kuzunguka, utafikiri kuna nyuki ndani. Kampuni iliyoitengeneza sitaitaja, kwani sikusudii kugombana na mtu. Ordinatere za namna hii zinatengenezwa kwa watu wanaopenda michezo yenye picha nyingi zinazokimbia. Mwalimu hakuitafuta kwa michezo. Aliipata kwa bei ya chini, na inaonyesha filimu ukutani kupitia projektere bila kukwamakwama.

Sasa juu ya mwenzetu. Jina lake siandiki, ijapokuwa aliniruhusu kusema habari yake. Alikuwa mtoto wa miaka 9 aliposhikwa na ugonjwa wa meningite. Alipona, lakini masikio yake hayakurudi. Anasema vizuri, sababu alijua kusema mbele ya ugonjwa. Mwalimu akimtazama usoni, anafuata midomo. Akigeukia ubao, amempoteza. Kwa kusoma Kifaransa anatushinda karibu sisi wote. Kwa hiyo siku ya filimu ilikuwa siku yake ya furaha. Maneno yanaandikwa chini ya picha, naye anayasoma mbele yetu sisi tunaosikiliza nusu na kuongea nusu. Sisi wengine tunayaita maneno ya chini tu. Kwake yeye maneno hayo njo filimu yenyewe.

Siku moja ya tano tulikuwa tunaangalia filimu ya Kifaransa juu ya moyo na safari ya damu. Katikati ya filimu mvua ikaanza. Munajua namna mvua inavyopiga kwenye manjanja ya sale yetu: hata ukipiga kelele, jirani yako hasikii. Mwalimu akaanza kuongeza sauti. Kwenye ordinatere za Windows, kila mara unapogusa tushi ya sauti, sauti inapanda kwa hesabu ya 2 tu juu ya 100. Kutoka 40 mpaka 60 ni kugusa mara 10. Na kila mguso unaita alama tena. Mvua ilipozidi, mwalimu akaongeza, ilipopungua, akapunguza, ikarudi tena, akaongeza tena. Sisi tulifurahi kusikia. Mwenzetu alikuwa ananyoosha shingo kama mtu anayetafuta kuona juu ya kichwa cha mwingine. Kisha akaandika kwenye kikaratasi akanipitishia: «Kile kitu kinakula maneno yangu.»

Juma lililofuata tulipewa maswali. Moja liliuliza ni sehemu gani ya moyo inayosukuma damu katika aorta. Jibu ni ventrikili ya kushoto. Filimu ilisema jambo hilo wazi, lakini ililisema wakati wa mvua. Sisi tulisikia, yeye aliona kisanduku. Aliacha mahali peupe kwenye karatasi yake, na pembeni akaandika: «Hapa kulikuwa alama ya sauti.» Mwalimu alisoma, akanyamaza. Kisha akasema: «Hii si kosa ya mtoto. Iko kosa ya ekrani.» Akatuita watatu, mimi, huyo mwenzetu na mwingine anayejua umeme, akasema: «Siku ya posho mukuje kwa biro. Tutafute namna ya kuondoa hii kitu.»

Siku hiyo tulijifunza mambo ambayo napenda kuyapanga hapa, sababu najua wengine wenu muko na ordinatere nyumbani ao kwa ndugu zenu.

Jambo la kwanza: mbele ya kuondoa kitu, ujue ni cha nani. Sisi tulikuwa tunasema «alama», kana kwamba iko moja. Tulipotazama kwa utulivu tuliona ziko tatu, na kila moja iko na mwenyewe wake.

Alama ya kwanza ni ya Windows. Katika Windows 8, ambayo ilitoka mwaka 2012, na Windows 10 ya mwaka 2015, ilikuwa inatokea juu upande wa kushoto. Katika Windows 11, tangu mabadiliko ya mwaka 2022, inatokea chini katikati. Na chini katikati ni wapi? Ni mahali pale pale ambapo watu wa filimu wanaandika maneno. Kwa anayesikia, si kitu. Kwa mwenzetu, ni sawa na mtu aliyekuja kusimama mlangoni.

Alama ya pili ilikuwa ya kampuni iliyotengeneza ordinatere. Ordinatere za michezo zinakuja na programu zao wenyewe, za kuongoza feni, rangi za klavie, na zile tushi za juu. Moja ya programu hizo nayo ilikuwa inachora picha yake kubwa ya bafle kila mara sauti inapobadilika. Kwa hiyo tulikuwa na picha mbili kwa jambo moja.

Alama ya tatu ilikuwa ya VLC, ile programu tunayotumia kwa kuonyesha filimu. Ukibadilisha sauti ndani ya VLC, inaandika hesabu ya sauti juu ya picha ya filimu.

Jambo la pili: jaribu mbele ya kufunga. Hapa mwenzetu mwenye ujuzi wa umeme alitusaidia sana. Alisema tusifute programu yoyote, sababu ordinatere si yetu, na hatujui kila programu inashika kazi gani. Tukabonyeza tushi Ctrl, Maj na Échap pamoja. Hapo inafunguka orodha ya programu zote zinazotembea ndani ya ordinatere. Tukatafuta zile zenye jina la kampuni, tukazisimamisha moja moja, na nyuma ya kila moja tukagusa tushi ya sauti. Uzuri wa njia hii ni kwamba haiharibu: ukizima ordinatere na kuiwasha, kila kitu kinarudi mahali pake. Programu ya kwanza tuliyosimamisha haikubadilisha kitu. Ya pili, rangi za klavie hazikutii tena, lakini picha ilibaki. Ya tatu, picha kubwa ya bafle haikutokea tena. Tukamjua mwenyewe.

Mwalimu akauliza: «Sasa sauti yenyewe itapanda bado?» Ilipanda. Jambo hili lilinishangaza, nikalitafuta. Tushi za kuongeza na kupunguza sauti zinatuma ujumbe ambao Windows inaujua yenyewe. Si lazima mtu mwingine autafsiri. Ile programu ya kampuni ilikuwa inasikiliza pembeni tu na kuchora picha yake. Lakini tushi nyingine, kama ile ya rangi za klavie, zinahitaji programu ya kampuni. Bila hiyo hazijui kusema. Kwa hiyo mtu anayefuta programu zote za kampuni kwa hasira atakuta amepoteza na vitu alivyovipenda.

Ili picha isirudi kila mara tunapowasha, tulibonyeza tushi ya Windows na R pamoja, tukaandika services.msc. Hapo kuna orodha ya kazi zinazoanza zenyewe. Tuliona ile ya alama, tukabadilisha namna yake ya kuanza, tukaweka «Désactivé». Zile za feni hatukuzigusa hata kidogo, sababu ordinatere ya michezo inapata moto sana. Majina ya kazi hizo tuliyaandika katika kaye, pamoja na namna zilivyokuwa kwanza, ili anayetaka kurudisha ajue njia.

Jambo la tatu: kwa VLC, dawa iko ndani ya VLC yenyewe. Ukibonyeza Ctrl na P, unafika kwenye mapendeleo yake. Fungua ukurasa wa maneno ya chini na OSD. Kuna kisanduku kinachoruhusu maandishi ya programu juu ya picha. Ondoa alama yake, uhifadhi, ufunge VLC na kuifungua tena. Lakini angalia: karibu yake kuna kisanduku kingine cha maneno ya chini. Hicho usikiguse, sababu ungemnyang'anya mwenzetu maneno yote kwa kutafuta kumsaidia.

Ikabaki alama moja, ya Windows. Hapo mabishano yakaanza.

Mimi nilijua kwamba kuna programu ndogo ya bure, jina lake HideVolumeOSD, ambayo inaficha alama hiyo kabisa. Nilikuwa tayari kwenda mahali penye intaneti kuitafuta. Mwenzetu wa umeme naye alisema: «Tuweke sauti ya ordinatere juu kabisa mara moja, kisha tuongoze sauti kwa kifungo cha bafle. Hatutagusa tushi tena.» Hilo nalo ni shauri zuri, tena halihitaji kitu. Lakini bafle zetu ziko nyuma ya sale, na mwalimu yuko mbele.

Mwenzetu asiyesikia alikuwa anafuata midomo yetu, kichwa kikigeuka huku na huku. Kisha akapiga meza kwa mkono. Akasema: «Musiiondoe. Muihamishe tu.»

Hatukuelewa. Ni yeye aliyekuwa ananyimwa maneno, na sasa ni yeye anayeitetea alama! Akatueleza. Alisema anapenda kushika kazi ya kuonyesha filimu mwenyewe. Anajua kufunga projektere, anajua kutafuta filimu, na mara nyingi mwalimu anamwita mbele ya kipindi kwa kutayarisha. Lakini kila mara filimu ikianza, mwingine anaketi kwenye ordinatere, sababu watu wanafikiri asiyesikia hawezi kuongoza sauti. «Ninyi munajua sauti kwa masikio,» alisema. «Mimi, ile alama njo sikio langu. Mukiificha kabisa, nitajuaje sauti iko wapi?»

Wapenzi wasomaji, hapo biro ilinyamaza. Sisi watu watatu wenye masikio tulikuwa tumekaa karibu saa mbili kutafuta kumsaidia, na hakuna mmoja kati yetu aliyemwuliza kama yeye mwenyewe angeketi kwenye klavie. Kila mmoja alimwona upande wa wanaotazama tu.

Tukaanza kutafuta namna ya kuhamisha. Mwaka 2025 Windows 11 ilipata nafasi mpya katika ukurasa wa «Système», sehemu ya «Notifications»: mtu anaweza kuchagua alama itokee chini katikati, ao juu katikati, ao juu kushoto. Ukiiweka juu, maneno ya chini yanabaki huru. Lakini ordinatere lazima iwe imepokea masahihisho mapya, na masahihisho yanakula mega nyingi. Yetu haikuwa nayo bado.

Njia iliyotusaidia ni rahisi kushinda zote, na ilikuwa ndani ya ordinatere tangu mwanzo. Bonyeza tushi ya Windows na P. Unapata njia za kuongoza ekrani mbili. Sisi siku zote tulikuwa tunatumia «Dupliquer», maana yake ukuta unaonyesha kila kitu kilicho kwenye ordinatere, pamoja na takataka zake. Tukachagua «Étendre». Sasa ukuta ni ekrani nyingine, ya peke yake. Unavuta filimu kutoka ekrani ya ordinatere mpaka ukutani, unaipanua ijaze ukuta, na yote mengine yanabaki mezani. Alama ya Windows inatokea kwenye ekrani ya kwanza, ile ya ordinatere, mbele ya yule anayegusa tushi. Ukutani kuna picha na maneno tu. Maandishi ya VLC ndiyo peke yake ambayo yangefuata filimu ukutani, sababu yanaandikwa juu ya picha yenyewe. Lakini hayo tulikuwa tumekwisha kuyafunga.

Tulijaribu mara tatu. Mwenzetu alikaa kwenye klavie, akapandisha sauti mpaka 80, akashusha mpaka 30, akatazama mstari wake mdogo unavyokwenda. Ukutani maneno yalipita yote, hakuna hata moja lililofunikwa. Sisi tuliokaa nyuma tulinyanyua mikono kumwonyesha: juu kidogo, chini kidogo, hapo sawa. Siku ya tano iliyofuata ni yeye aliyeonyesha filimu. Mvua haikunyesha siku ile, lakini tangu hapo imenyesha mara nyingi, naye anaona mikono yetu, anaangalia alama yake, anapandisha. Na lile swali la ventrikili mwalimu aliliondoa katika hesabu yake ya pointi, kwani alisema mtu hawezi kuulizwa neno ambalo alifichwa.

Nimefikiri sana juu ya jambo hili. Alama si mbaya, na waliotengeneza hawakukusudia kumdhuru mtu. Walifikiri mtu mmoja, ameketi peke yake mbele ya ekrani yake, anacheza ao anasikiliza muziki. Kwa huyo, alama inatosha. Hata wachezaji wa michezo wenyewe wanailalamikia, sababu inafunika kona ya mchezo wakati adui anakuja, na wao wanatafuta kuifuta kabisa. Lakini ordinatere ya mtu mmoja ikiletwa katika sale ya watu 60, inakuwa chombo kingine. Anayegusa tushi anahitaji kujua sauti iko wapi. Anayetazama ukuta hana haja ya kujua hilo, anahitaji maneno. Tabu ilikuja kwa sababu tuliwapa wote wawili ekrani moja.

Kwa wale watakaokuta tabu kama yetu, nafupisha. Tazama kwanza alama ziko ngapi na kila moja ni ya nani. Simamisha programu moja moja kwa kujaribu, usifute kwa hasira. Andika katika kaye kila kitu ulichobadilisha. Ukitumia projektere, chagua «Étendre», usichague «Dupliquer». Na mbele ya yote hayo, keti na yule ambaye tabu inamgusa, umwulize anataka nini. Wazee wanasema kuuliza si ujinga. Mimi naongeza: kutouliza kunaweza kuleta kazi ya bure, hata kama moyo wako ni mwema.

Walimu wetu nao nawaomba neno moja. Katika sale zetu kuna wengine ambao hawaandiki pembeni ya karatasi kama mwenzetu alivyofanya. Mwingine haoni ubao vizuri, mwingine hasikii upande mmoja, nao wanaacha mahali peupe bila kusema sababu. Mukiona mahali peupe, muulize kwanza kulikuwa nini mbele ya macho yake.

Anayetaka kuona ile kaye ya mabadiliko, iko kwa biro ya mwalimu wa biolojia, na anayeweza kuieleza kushinda mimi ni yule anayeketi kwenye klavie kila siku ya tano. Mwende mbele yake, mumtazame usoni, museme polepole.

Mwanafunzi wa kalasi ya mwisho